Hamu ya Mzee Kapela

Nyamizi alikuwa chooni, na baba yake alikuwa amesimama nje ya mlango wa choo anamwita.

"Mama. Mama, bado?"

"Bado, baba. Ndiyo kwanza nimeingia."

Akasikia kandambili zikisugua mchanga, huku na huku, huku na huku. Halafu kucha zikaanza kukwaruza bati la mlango.

"Sasa je?"

"Baba jamani!"

Upande wa pili wa michongoma, Mama Shija aliyekuwa anaanika dagaa akaangua kicheko. "We Mzee Kapela, mwache mtoto ajisaidie! Utamfungisha choo bure!"

"Nyamaza wewe, hujui," baba akajibu, na sauti yake haikuwa na mzaha hata chembe. Ilikuwa sauti ya mtu aliyebanwa, kana kwamba mwenye haja ni yeye na aliyefungiwa mlango ni yeye.

Nyamizi akatoka hata hajamaliza vizuri. Baba akamdaka mkono juu ya kiwiko, akavuta pumzi ndefu, mabega yakashuka. Vidole vilivyokuwa vinatetemeka vikatulia. Nyuma ya sikio la baba, punje aliyopandikizwa, ndogo kama mtama, ikafifia kutoka nyekundu mpaka rangi ya majivu. Hakumtazama usoni. Akishampata alikuwa hana habari naye tena. Alimshika tu hivyo huku anatazama mbali, kule kwenye mabani ya kukaushia tumbaku, mpaka hamu ikamtoka. Kisha akamwachia kama mtu anavyodondosha kipisi.

"Haya," akasema. "Kapike chai."

Na kabla maji hayajachemka alikuwa amesharudi mlangoni mwa jiko.

*

Mzee Kapela alikuwa mteuzi wa tumbaku. Majani yakitoka banini, yeye alikuwa anayapitisha puani tu na kusema hili daraja gani, na wanunuzi hawakubisha. Halafu ushirika ukaleta pua ya mashine. Ile pua haikohoi, haiendi kunywa maji, haigombani na mtu. Baba akarudi nyumbani na kiti chake, akakaa nacho ukumbini, akaanza kuvuta sigara kama aliyepewa ajira mpya. Ya pili aliiwasha kwa ya kwanza. Mapafu yakafika mahali pa kulia kama bawaba isiyotiwa mafuta, na daktari akasema wazi kwamba ataacha sigara au atazikwa nayo.

Zamani watu walikuwa wanazimwa hamu. Sigara waliacha kweli, ila waliacha na kula, na kuoga, na kwenda shamba. Walikaa kwenye viti wanangoja jua lizame. Ndipo zikaja punje. Punje haizimi hamu, inaihamisha. Unachagua kitu kisichoua, unafungiwa nacho chumbani siku kadhaa, na ukitoka unakitamani hicho badala ya sigara.

Kwenye Kituo cha Hamu, mjini Tabora, walimpendekezea muwa.

"Muwa?" baba akawauliza. "Mmeyaona meno yangu?"

Basi wakakubaliana zeze. Alikuwa analipiga tangu ujana, na akilipiga hata mbwa wa jirani walikuwa wanalala chini. Likaletwa, likaegemezwa ukutani. Fundi wa kituo, Dada Eufrazia, akawaeleza ndugu wote, akarudia mara mbili: mgonjwa atakaa peke yake na zeze lake. Mtu asiingie.

Shangazi Nyanzobe, dada mkubwa wa baba, alisikia vizuri kabisa. Ila hakukubali.

"Peke yake?" akasema walipotoka uani. "Kapela aachwe peke yake kwenye chumba cha wagonjwa kama mbuzi wa mnada? Watu watasema hana watu. Nyamizi, chukua chupa ya uji. Utaingia."

Muuguzi wa zamu naye ana baba. Alipomwona msichana na chupa ya uji, akageuza uso.

Nyamizi akakaa kitandani. Akamnywesha uji. Baba alipotetemeka alimshika mkono, na kwa kuwa mkono ulishikwa, zeze halikuguswa. Hakuna aliyefanya ubaya. Walifanya vile watu wa pale wanavyofanya wakiwa na mgonjwa.

Baba akatoka Tabora hataki sigara. Alipanda gari, akakaa, akaanza kutokwa jasho, mpaka Nyamizi naye alipopanda.

Na kuna jambo ambalo Nyamizi hakumwambia mtu. Mwanzoni alifurahi. Alikuwa na kaka watatu, na maisha yake yote baba akitaka kumwita alianza na majina yao, Maganga, Shigela, Mabula, ndipo anafika kwake, tena kwa kukasirika. Sasa jina lake lilikuwa la kwanza na la mwisho. Akaanza kusuka nywele. Akavaa lile gauni la njano la Krismasi siku ya kawaida tu, kwenda kisimani, kwa sababu kuna mtu alikuwa anamngoja arudi.

Ilimchukua muda kugundua kwamba baba hajaliona gauni.

*

"Nani alikuwa chumbani?" Dada Eufrazia akauliza.

Walikuwa kituoni tena. Baba aliwekwa chumba cha pili, kiganja kimebandikwa kwenye kioo cha katikati ili angalau amwone. Nyamizi akatazama vidole vyake.

"Mimi."

"Nilisema nini?"

"Ulisema asiingie mtu."

"Sasa?"

"Si mgonjwa haachwi peke yake, dada."

Eufrazia akajifuta uso kwa viganja vyote viwili. "Nyie watu mtaniua. Juzi nimemkuta bibi mzima chini ya kitanda, kajifunika khanga." Akavuta skrini karibu. "Njoo uone ulichokifanya."

Kulikuwa na mistari miwili. Wa buluu ulikuwa unapanda. Wa njano ulikuwa unashuka.

"Wa buluu ni hamu. Wa njano ni raha. Watu wanadhani ni kitu kimoja, ila vinakaa mahali tofauti kichwani. Mtu akivuta moshi, kabla hajautoa, nikotini imeshafika ubongoni. Inapiga pale panapoamua kipi ni muhimu. Inasema, hiki, kikumbuke, kirudie. Haisemi ni kitamu. Na kila ukirudia, pa hamu panazidi kuwaka na pa raha panazidi kuchoka. Umewahi kumwona mvutaji wa siku nyingi anatabasamu na sigara mdomoni?"

Nyamizi akafikiri. "Baba alikuwa anaikunjia uso."

"Havuti ili afurahi. Anavuta ili asiumie. Na chochote kilicho karibu na sigara kinapakwa hamu ileile. Kiberiti. Kikombe cha kahawa. Sisi tunapita mlango huohuo. Tunampa nikotini safi kidogo kidogo, na kilicho mbele yake ndicho kinachopakwa. Ulikaa mbele yake, ukapakwa wewe."

"Na huu wa njano ni raha ya nini?"

Eufrazia akasita. "Tulimpima siku ya kwanza, kabla ya punje. Tulimwonyesha picha za watu wake." Akagusa mwanzo wa mstari. "Huu ni wako. Raha yake akikuona wewe."

Mstari ulianzia juu kabisa, karibu na ukingo wa skrini.

"Na wa kaka zangu?"

Ikatokea mistari mingine, mifupi, yote chini ya wake.

Nyamizi akasogea karibu na skrini. "Mbona hakuwahi kusema?"

"Mashine haipimi maneno, mdogo wangu."

"Na sasa umeshuka mpaka hapa?"

"Kila anapokushika unashuka. Anakumaliza."

Upande wa pili wa kioo baba alikuwa amekodoa macho, pumzi yake imeweka ukungu mbele ya mdomo.

"Nikienda zangu?" Nyamizi akauliza. "Chuo cha maji, Mbeya, kinafungua. Nikienda tu?"

"Atakutafuta. Akikukosa atarudi kwa ile ya zamani. Nikiing'oa punje ni hivyohivyo, atavuta. Na yale mapafu hayana sigara nyingi tena." Eufrazia akashusha sauti. "Tunaweza kuhamisha mara moja nyingine. Moja tu, zaidi ya hapo kichwa kinaharibika. Ila lazima kiwe kitu kinachomfurahisha kweli, na hicho nacho raha yake itakwisha vilevile. Sheria inasema anayetamaniwa ndiye anayekubali. Mwenye hamu haulizwi, kwa sababu hakuna mvutaji anayekubali kuacha leo."

*

Kikao kikakaa ukumbini. Shangazi Nyanzobe kwenye kochi, kaka Maganga mlangoni na simu mkononi. Baba alikaa kwenye kigoda nyuma ya Nyamizi, ameshika pindo la khanga yake.

Nyamizi akaeleza yote. Kisha akasema, "Shangazi, mimi nafikiri tumhamishie kwako. Anakupenda. Wewe ndiye uliyemlea."

"Mimi?" Shangazi akajishika kifua. "Na presha hii? Mtu anining'inie mpaka chooni? Utanizika kabla yake."

"Kaka Maganga?"

"Mimi nina mke, Nyamizi." Maganga hakuinua macho. "Sasa baba atalala wapi, katikati yetu?"

"Mlisema mgonjwa haachwi peke yake."

"Na hajaachwa," shangazi akasema haraka. "Si uko wewe? Binti ndiye anayekaa na baba, ndivyo ilivyo siku zote. Kama chuo, maji ya Mbeya hayatakauka. Utayakuta."

"Na akishanimaliza? Hiyo raha ikiisha?"

"Raha, raha," shangazi akasonya. "Mashine ya mjini imekuonyesha uzi wa njano, nawe umeamini. Baba yako anakushika hivyo, hakuachii, na bado unauliza kama anakupenda?"

Maganga akacheka kidogo puani. Baba alivuta pindo la khanga, akalivuta tena, kama mtoto anayetaka kunyonya.

Nyamizi akatazama watu wake mmoja mmoja. Walikuwa hawana ubaya. Walitaka tu mtu awepo, na mtu huyo asiwe wao.

*

Mchana wake, akiwa amemwacha baba amshike mpaka ashibe, Nyamizi akalitoa zeze lilipotundikwa na kumpakatisha.

"Piga kidogo, baba."

"La nini?"

"Piga tu."

Akakaza uzi, akausikiliza, akatema mate pembeni. Akaanza. Wimbo wa watu wanaopanga majani banini, polepole, na baada ya muda uso wake ukafunguka. Ile mikunjo yote ikaondoka. Akafumba macho, akacheka peke yake kwa kitu alichokisikia ndani ya uzi, na mguu ukawa unapiga chini. Nyamizi hakuhitaji skrini. Akaona njano ikoje kwa mtu.

Halafu punje ikawaka nyekundu. Zeze likadondokea mapajani, mkono ukamkamata.

"Baba, nisikilize ukiwa umenishika hivi. Dada Eufrazia anaweza kuihamisha. Kutoka kwangu kwenda kwenye zeze. Kama ilivyotakiwa iwe."

Mkono ukakaza.

"Zeze usiliguse," baba akasema.

"Litakuwa lako kila saa."

"Hilo ndilo sitaki. Zeze nalipenda, mama. Nikitaka napiga, nisipotaka linakaa. Nimevuta miaka mingi, najua kuhitaji kitu kunakifanya nini. Lile niachie."

"Na mimi je? Mimi unaniachia?"

Baba akatazama mabani. Kucha zilikuwa zimeingia nyamani.

"Wewe usiende," akasema. "Wewe kaa hapa."

Nyamizi akasubiri amalizie. Hakumalizia.

Jioni akiwa anachambua mchicha aliyageuza maneno yale kila upande. Labda ndiyo ilikuwa kweli ya baba: kati ya binti na zeze, cha kuchomwa ni binti. Au labda hakuwa baba aliyesema. Mvutaji ukitaka kumnyang'anya sigara atasema lolote, atamtaja Mungu, atamtaja mama yake, ili mradi pakiti ibaki. Labda hamu yenyewe ndiyo iliyojitetea kwa mdomo wake. Alitaka sana kuamini hilo la pili. Lakini hakuna pa kumwuliza baba bila kumwuliza na hamu, walikuwa wanakaa mdomo mmoja.

Akaukata mchicha vibaya, mabua na yote.

*

Eufrazia alimwuliza mara ya mwisho. "Unajua analipenda kiasi gani hilo zeze?"

"Nimemwona."

"Na bado?"

"Bado."

Nyamizi akaweka kidole kwenye skrini, kikasomwa kwamba amekubali. Mlango ukafungwa, baba na zeze wakiwa ndani. Safari hii alikaa nje yeye mwenyewe, mgongo kwenye mlango, na shangazi alipokuja na chupa ya uji akamzuia.

"Hata uji?"

"Wanampa wenyewe. Rudi nyumbani, shangazi."

"Umekuwa jiwe wewe mtoto."

"Ndiyo. Shikamoo, kwaheri."

Baba alianza kwa kuita taratibu. Mama. Mama, fungua, ni mimi. Halafu akaita kwa jina. Halafu akatukana, matusi ambayo Nyamizi hakujua kama baba anayajua. Halafu akalia kwa kwikwi ndefu, na kikohozi katikati. Nyamizi akauma khanga.

Halafu baba akapata njia nyingine. Sauti yake ikawa laini kabisa, karibu na tundu la ufunguo.

"Nyamizi. Nikwambie kitu? Siku uliyozaliwa nilipiga zeze mpaka asubuhi. Nilitaka binti. Wale wavulana ni wavulana tu, wewe ndiye niliyekuwa nakutazama ukirudi shule. Nilikuwa nakaa na kiti changu pale ukumbini nione unakuja. Nilikuwa nakupenda kuliko wote, siku zote, nilikuwa sijui kusema tu. Fungua nikwambie vizuri. Yako mengi. Fungua, mwanangu."

Yalikuwa ya kweli. Nyamizi alijua ni ya kweli, aliuona mstari. Ni maneno aliyokuwa anayangoja tangu hajaota meno ya pili, na baba yake alikuwa anayatoa sasa, moja moja, kama mtu anavyotoa mali zake mfukoni ili auziwe sigara moja tu.

Mkono wake ulikuwa umeshafika kwenye kitasa.

Akautoa. Akaziba masikio kwa vidole vyote viwili, akakandamiza mpaka akasikia damu yake mwenyewe, na yale mengi mengine baba aliyoyasema pale mlangoni hakuyasikia.

Alipotoa vidole, ndani kulikuwa kimya. Kisha uzi mmoja ukalia.

*

Wiki ya kwanza nyumbani watu walifurahi. Mama Shija alivuka michongoma na khanga kiunoni, akacheza, akasema Mzee Kapela amerudi ujana. Shangazi akaja na kuku. Hata Maganga alirekodi kwenye simu.

Wiki iliyofuata hakuja mtu kucheza. Baba alikuwa hapigi wimbo tena. Alikuwa anarudia kipande kimoja kifupi, kilekile, hakifiki mwisho, anaanza upya. Alipiga akila. Alipiga akienda chooni, na Mama Shija akafunga dirisha. Vidole vilichubuka akavifunga matambara, akaendelea. Hakufumba macho, hakucheka, mguu haukugonga chini. Alikuwa ameukunja uso vilevile alivyokuwa anaukunja zamani, akivuta moshi.

Ila alikuwa anapumua vizuri. Mapafu hayakulia. Eufrazia alipompima alisema kwa hali hii ataishi mpaka achoke.

"Na wangu?" Nyamizi akamwuliza. "Ule mstari wangu umebakia wapi? Utapanda tena?"

"Nikuonyeshe?"

Nyamizi akatikisa kichwa, akaondoka kabla skrini haijawaka.

Siku ya safari aliamka akapika uji, akauweka karibu na kiti cha baba. Akavaa lile gauni la njano. Begi lilikuwa mlangoni, nje bodaboda alikuwa anapiga honi. Baba alikuwa ukumbini ameinamia zeze, kile kipande kinazunguka, kinazunguka.

"Baba, naenda. Mbeya. Nitakuwa huko muda mrefu."

Uzi ukalia, ukalia tena.

"Baba?"

Akainua macho. Akamtazama usoni, wazi kabisa, kama unavyomtazama jirani aliyekuja kuazima jembe. Hakukuwa na hasira ndani yake.

"Haya, mama," akasema. "Ukitoka urudishie mlango, upepo unaniharibia sauti."

Nyamizi akachukua begi. Akatoka, akaurudishia mlango taratibu mpaka ukashika, asije akamkatiza.